Kinyumenyume

Mtaro huchimbwa kinyumenyume. Ukienda mbele unakanyaga ulichochimba, basi unarudi nyuma, macho kwenye jembe, na unamwamini anayeshika kamba mgongoni kwako. Mimi nilimwamini wifi yangu, mke wa kaka yangu. Wajinga ndio waliwao.

Mtaa wetu ulipata bomba moja la maji. Tulikaa kikao, kinyozi, muuza mkaa na wengine wote, tukakubaliana lisimame mlangoni kwangu. Mama yangu hainuki kitandani, mwaka wa pili huu. Namwosha mara nne kwa siku, na maji nayafuata bondeni. Mgongo umeniisha.

Siku ya kazi nikashika jembe la mbele mwenyewe. Wenzangu wakanifuata na makoleo, nyuso zimenielekea, wanatoa udongo na kuimba. Nyuma yangu wifi na kamba yake, kaifunga kwenye vigingi kunionyesha njia.

"Rudi, wifi, rudi! Au kushinda kwenye cherehani kumekulegeza kiuno?"

"Ngoja maji yafike, nitakuonyesha kiuno!"

Watu wakacheka. Nilikuwa na furaha siku ile, nisiseme uongo.

Mchana niliingia ndani mara moja kumpa mama dawa, nikarudi jembeni. Alasiri kisigino kikagonga kizingiti. Nimefika! Nikageuka huku nacheka.

Lo! Ulikuwa mlango wa jiko la wifi.

"Wifi, ndiyo nini hii?"

"Kwani nani kakushika mkono? Si umechimba mwenyewe? Utachota saa yoyote, hapa ni kwenu."

"Aliye kitandani ni mama mkwe wako!"

Wifi akaanza kukunja kamba.

Nikawatazama wenzangu. Mimi ndiye niliyegeuzia njia mgongo. Wao walikuwa wanaiona tangu asubuhi. Walimwona akihamisha vigingi nilipokwenda kumpa mama dawa, na wakaendelea kuimba. Kinyozi akajitia kufuta koleo.

"Tulidhani mmeelewana," akasema.

Mmeelewana! Machozi yakanitoka mbele yao wote. Nikatupa jembe nikaenda zangu.

Mama alikuwa macho, sikio kalielekeza ukutani.

"Asubuhi nilisikia jembe linakuja," akasema. "Baada ya dawa likaanza kwenda mbali."

"Mbona hukuniita, mama?"

"Nilisikia wote wanaimba, mwanangu. Nikajua uko na watu wako."