Kamba ya Kichwani

...na viazi hivi navyo vina macho kuliko majirani, ukimtoboa huyu jicho mwenzake anakukodolea, aliwaza Ina, amesimama mbele ya beseni jikoni kwa baba yake, vidole vimekufa ganzi kwa maji ya baridi, birika kubwa lililoazimwa kanisani liko motoni na halijaanza hata kuguna, na huko sebuleni, nyuma ya mlango ulioachwa wazi kidogo, wanaume walikuwa wakimgawana baba, ndiyo, kumgawana, kwani kuna neno gani jingine, jeneza limelazwa juu ya viti viwili karibu na dirisha na wao wamelizunguka wanagawana kamba, kamba nane za kulishushia kaburini, huyu miguuni, huyu begani, huyu kiunoni, kama kisiwa hiki kilivyogawana tangu kianze kuzika watu, na mchungaji akishaomba watamwinua, watapokezana njia nzima hadi makaburini kule mchangani, na wanawake watamsindikiza mpaka lango la shamba, basi, hapo ndio mwisho wao, watageuka kuja kumenya viazi na kukata mikate, ndivyo ilivyo, mama aligeukia langoni siku ya babu, akageukia langoni pia siku ile nyingine... hapana, asianze na hiyo, si sasa.

"Namba mbili, miguuni?" Hiyo ilikuwa sauti ya Finlay, fundi wa majeneza, sauti ya chini ya mtu aliyezoea nyumba za msiba. "Miguuni mimi," akadakia baba mdogo Tormod, "miguu yake naijua, imenipiga mateke utoto mzima," na wanaume wakacheka kidogo kisha wakakohoa, maana kicheko kilikuwa kimewaponyoka mbele ya maiti, na Ina naye alitabasamu kwenye beseni lake bila kutaka, kwa kuwa ni kweli, baba alikuwa na miguu ya punda, hata juzi hapa, amebaki mifupa, alipiga blanketi teke likaenda kulala mlangoni, akamwambia, "Liokote, mwanangu, limenishinda adabu"... "Na namba moja? Kichwani?" "Kichwani Angus." "Angus yupi, mzee wangu? Humu ndani tu nawaona watatu." "Ah, Finlay nawe! Angus Golikipa, nani mwingine? Marehemu si hakuacha mtoto wa kiume."

Kisu kikateleza, si sana, ngozi ya kidole gumba tu, akakitia kidole mdomoni, akasikia ladha ya chumvi na udongo. Marehemu hakuacha mtoto wa kiume. Lilisemwa bila ubaya, kama mtu anavyosema leo kuna upepo, na Peigi jirani, aliyekuwa akipaka mikate siagi pale mezani, aliendelea kupaka na kuongea, siagi imekuwa ngumu, sijui nani kaiweka dirishani, na yule Angus umemwona alivyonenepa, Ina, lakini uso ni uleule wa kwenye televisheni... na Ina akaitikia ee, ee, bila kusikia, kwa sababu kichwani mwake walikuwa wameshaanza kupita akina Angus Morrison wote, mmoja baada ya mwingine, kama picha zao zinavyoning'inia ukutani katika ukumbi wa kijiji, ambako ukienda kucheza dansi wanakutazama miguu, Angus Morrison Kapteni, aliyeizungusha meli ya ngano kwenye rasi ya kusini mlingoti umevunjika, ndevu zake zimekaa kama brashi ya kupakia chokaa, na Angus Morrison Mhubiri, ambaye wanasema mahubiri yake yaliliza watu hata ng'ambo ya kilima walikokuwa hawasikii neno, na Angus Morrison Zumari, aliyepiga mbele ya mfalme na kurudi akilalamika kwamba chai ya mfalme ni nyepesi, na Angus Morrison aliyekwenda Kanada wakaita mlima mzima kwa jina lake, mlima, na huku kwao hakuwa na hata shimo la viazi, na wa mwisho, picha ya rangi, mpya, Angus mtoto wa baba mkubwa, mikono imetanuka hewani na mpira umo ndani ya mikono, na baba akiiona mechi alikuwa akijipiga kofi gotini na kusema, "Umeona? Jina letu limedaka!" Jina letu. Na yeye aliyekuwa amekaa ubavuni mwake akimshonea soksi alikuwa na jina gani? Angusina. Angusina Morrison, kwa kirefu, kwenye cheti, na hakuna aliyewahi kuligongea msumari jina hilo ukutani.

Maana kwanza alikuwepo Angus mwingine, ambaye naye hana picha. Kaka yake. Mzaliwa wa kwanza, akapewa jina la babu mzaa baba kama desturi inavyotaka, akalitumia jina miaka mitatu tu na kifaduro kikamchukua wakati wa baridi, na Ina alipozaliwa majira ya kuchipua, msichana, badala ya kupewa jina la bibi kama wasichana wengine, walimpa la marehemu, wakalishonea mkia kidogo nyuma kama vazi la kiume linalorekebishwa limkae binti, ili jina lisipotee, jina halipotei katika kisiwa hiki, watu ndio hupotea... na mama, Mungu amrehemu, mama alimlea vizuri, alimlisha, alimvika, lakini kila alipomwita uwanjani, "Inaaa!", kulikuwa na kusita kidogo kabla, pumzi kidogo, kana kwamba alikuwa akimwita mwingine kwanza na kumwona haji ndipo akamwita huyu aliyepo, na nyuma ya kasha la blanketi kulikuwa na viatu vidogo vyenye kamba nyekundu ambavyo Ina hakuruhusiwa kuvivaa hata vilipokuwa saizi yake, alitembea na vyake vinavyovuja, na hakuuliza, mtoto anajua mahali pa kutouliza, alijua tu kwamba yeye ni kifuniko cha chungu cha mtu mwingine, na alikubali, ndiyo, hilo ndilo linalouma leo, kwamba alikubali, alikaa, wenzake wakaenda Glasgow, wakaolewa, yeye akabaki na kondoo na mama, kisha na kondoo na baba, kisha na baba peke yake, kumgeuza kitandani, kumnyoa, kumbeba kwenda kwenye kiti cha dirishani, mzee mwepesi kiasi kwamba kumbeba kulimtia aibu, na sasa kamba ya kichwani... mzigo wa mwenzio kanda la usufi, waliomtembelea kwa mwaka mara moja ndio leo wanaojua nani ashike wapi.

Lakini hata yeye hakuwa amesema kitu. Aseme nini? Wanawake huishia langoni. Angesema, wangemtazama kwa huruma, masikini Ina, amechoka, hajalala, mpeni chai.

Mlango ukasukumwa, akaingia Angus mwenyewe, Golikipa, akijikunja ili asigonge kichwa, suti nyeusi imembana mabega, na Peigi akajifuta mikono upesi kama vile ni mchungaji aliyeingia. "Dada Ina, naomba maji ya kunywa." Akampa. Akanywa yote bila kupumua, halafu hakutoka, alisimama akiizungusha glasi ndani ya mikono ile mikubwa ambayo nchi nzima inaijua, na Ina alitaka kumchukia, alikuwa ameshajiandaa kumchukia tangu jana aliposhuka feri, ila uso wake ulikuwa wa mvulana yule yule aliyekuwa akija likizo na kuwaogopa majogoo. "Wananipa kichwani," akasema kwa kunong'ona. "Nasikia. Ni heshima yako." "Dada, mimi sijawahi kushika kamba. Wazee wangu wote walizikwa niko safarini, timu haikunipa ruhusa. Nimwulize nani? Baba mdogo atanicheka. Unaivuta kwanza ama unaiachia?" Peigi akasema "Maskini!" na Ina akajikuta anajibu, kwa sauti isiyo yake, sauti nzito, ya taratibu, "Huvuti. Wala huiachii. Unaipa. Unaipa kamba kidogo, mkono huu unapumzika mwingine unatoa, wa kichwani ndiye anayeongoza, wote wanamfuata yeye, na kabla ya yote unafunga kiganja, kamba mbichi inakula ngozi"... na hapo akanyamaza, kwa sababu hakuna aliyewahi kumfundisha kuzika mtu. Alikuwa amefundishwa kitu kingine.

Genge la mwamba. Upepo wa kutoka kaskazini, na kondoo jike mwenye mimba ameteremka kufuata jani bichi akakwama kwenye kibao cha mwamba, chini yake bahari inatafuna mawe, na baba hana wa kumshika, Tormod yuko melini, mtu mzima ni mzito mno kushushwa na mwanamke, na yeye Ina hajavunja hata ungo bado, mwepesi kama kikapu kitupu, na mama anakuja mbio kutoka nyumbani, aproni inapepea, "Kalum! Kalum, umeshamzika mmoja!", baba amepiga magoti anachana gunia kuukuu, anajizungushia vipande viganjani, kulia kisha kushoto, fundo la pili anakaza kwa meno kwa kuwa mkono mwingine umeshafungwa, kisha anamfunga yeye kamba kifuani, anaijaribu, anaijaribu tena, na kusema, akimtazama machoni, "Usiitazame bahari. Wala usiogope kamba. Kamba hii ina mwenyewe." Akashuka. Hakumwona tena baba, aliona mwamba tu na kinyesi cha ndege na vidole vyake, lakini alimsikia, si kwa masikio, alimsikia kifuani, kamba ikija kidogo, ikisita, ikija kidogo, haikumkwaruza wala kumrusha, pale alipotaka kuogopa kamba ilisita ikamngoja amalize kuogopa ndipo ikaendelea, na alipopandishwa, yeye kwanza halafu kondoo, aliyemfunga ndani ya gunia kwa kamba ya pili, aliona damu imepenya vitambaa vya viganja vya baba, na mama amekaa chini kwenye nyasi amejifunika uso, na baba hakumsifu, si desturi yao, alisema tu, "Ina," akapumua, akasema tena, "Ina," na jina lilitoka safi, halikuwa na mtu mwingine ndani yake, halikusita.

Sasa ilikuwaje akalisahau hilo miaka yote hii? Au hakulisahau, alilikunja akaliweka mahali, akabaki na viatu vyenye kamba nyekundu, maana maumivu hayahitaji kutafutwa, yako karibu siku zote. Baba hakumshusha mvulana wake siku ile. Mvulana alikuwa ameshashushwa, kwenye kisanduku kidogo ambacho baba alikibeba kwapani peke yake, na mama akageukia langoni. Aliyeshushwa na baba gengeni alikuwa yeye, mwenye mkia kwenye jina, na alimshusha kwa ngozi ya mikono yake mwenyewe, akamrudisha juu. Na leo baba anashushwa. Mahali pa giza, hatapaona, hatamwona anayemshusha, atakachokuwa nacho ni kamba tu, na kamba hiyo apewe nani? Huyu? Mtu mwema huyu, hana kosa, ameleta hata maua kutoka bara, ila hajui jinsi baba anavyoogopa. Yeye anajua. Mwezi mzima uliopita alikuwa akimgeuza kitandani, na akimgeuza haraka vidole vya mzee vilikuwa vinashika kifundo cha mkono wake, havibani, vinashika tu, na yeye alikuwa anasita, anamngoja, ndipo anaendelea. Machozi yakamjia, ya kwanza tangu baba akate roho Jumatatu, yakadondokea kwenye viazi, na hakuyafuta, viazi vya msiba vinastahimili chumvi.

"Dada? Nimekuudhi?" "Hapana, kaka. Umenisaidia." Na mkono wake wa kushoto ulikuwa umeshachukua kitambaa cha vyombo kutoka msumarini, ukikichana katikati, kraaa, Peigi akageuka kisu cha siagi kimesimama hewani, "Ina! Kitambaa cha mama yako hicho!" na huko sebuleni Finlay akajikohoza, "Basi wazee, narudia nisije nikakosea tukiwa kaburini. Namba moja, kichwani?" na akamsikia baba mdogo Tormod akivuta pumzi ya kulitaja jina, jina lile lile, la Kapteni na la Mhubiri na la mlima wa Kanada, na birika lilikuwa halijachemka, kiazi nusu kina ganda nusu hakina, upepo ule ule dirishani, naye alikuwa bado amesimama mbele ya beseni, amewapa mgongo, alipomtangulia kusema.

"Mimi."

 "Nani kasema?" akauliza Tormod. "Ina? Wewe mwanangu, wanawake..." Angus Golikipa aliitazama mikono yake mikubwa, kisha akanyoosha mmoja, akakichukua kisu cha viazi kutoka ukingoni mwa beseni, polepole, kama anayeogopa kumshtua mtu, na kile kiazi cha nusu ganda akaanza kukimenya.

"Kamba hiyo ina mwenyewe, baba mdogo," alisema Ina, akajizungushia kitambaa kiganjani, kulia kisha kushoto, na fundo la pili akalikaza kwa meno.