Kuku wa Meza ya Mlango wa Choo

"Wewe na mistari yako minne," Mwonjaji alisema, akigongagonga meza kwa kidole. "Unajua nimekula kwenye migahawa mingapi mimi?"

"Sijui, wifi. Ninachojua nilikula hapa, na kuku alikuwa mkavu kama soli ya kiatu."

Mke wa kaka yake alisema hivyo bila hasira, na hilo ndilo lililomuudhi Mwonjaji zaidi. Miaka yote ukurasa wa chakula gazetini ulikuwa wake peke yake. Akisifu, watu wanajaa. Akinuna, viti vinabaki vitupu. Kisha mhariri akawaomba wasomaji nao waandike maneno machache kuhusu mahali walipokula. Wakaandika, na mistari minne ya wifi ikapendwa kuliko yote. Sasa ukurasa ulikuwa nusu wake, nusu wao, na mhariri alitaka nusu yao ikae juu. Juzi tu msusi, mikono ikiwa kichwani mwake, alimuuliza, "Kumbe wewe ni wifi yake yule mama wa mistari minne?" Alitamani ainuke aondoke na nywele nusu.

"Basi tuone," alisema. "Rudi pale ulipokaa siku ile. Mimi nabaki hapa. Tuagize kuku yuleyule."

"Pale mlangoni mwa choo? Pananuka, mwenzangu."

"Nenda."

Wifi akabeba mkoba wake na kwenda.

Mwonjaji alibaki dirishani, penye meza aliyoiagiza kwa jina la bandia, kama desturi yake, ili asijulikane. Kuku wake alifika upesi, ngozi inang'aa, ameletwa na mwenye mgahawa mwenyewe.

"Karibu tena, mama. Tumekuchagulia kama kawaida."

"Kunichagulia nini?"

"Paja nono, mama, limetoka jikoni sasa hivi." Akainama kwa siri. "Hilo jina lako la kuagizia meza ni lilelile kila mahali. Wenye migahawa wote tunalijua."

Akaondoka akitabasamu. Mwonjaji hakugusa paja.

Kule nyuma wahudumu walimpita wifi kama kiti. Hatimaye alipata sahani yake, akaja nayo dirishani. Ilikuwa na kipande cha mgongo. Mwonjaji alikata, akatafuna. Akaendelea kutafuna.

"Sema tu," wifi alisema.

"Ni mkavu."

"Si ndivyo nilivyoandika?"

"Ulichoandika nakijua."

Wivu haukumtoka, ulizidi. Huyu, anayeunguza hata wali wa watoto wake, ndiye aliyekuwa akila chakula wanacholetewa watu wote. Yeye, mwenye ukurasa, miaka yote alikuwa akiwasimulia wasomaji mapaja ambayo wasingeyaona kamwe.

Akatoa simu, akampigia mhariri.

"Weka maneno ya wasomaji juu. Ya wifi yangu yaanze. Yangu yafuate." Akasikiliza. "Siumwi. Ila yangu yawe marefu kuliko yake, unanisikia?"

Akakata simu, akaliacha paja lipoe, akamvuta wifi mkono mpaka kwenye meza ya mlango wa choo. Huko akachagua kiti kinachotazama ukuta na kujifunika mtandio hadi kwenye nyusi.

"Agiza wewe," alisema. "Mimi wasinione."