Maneno ya Tunu Kwenye Filamu ya Wakubwa

Saa nane mchana kibanda cha video kimejaa hadi mlangoni, na mimi mtafsiri, maiki mkononi, usingizi unanibeba katikati ya filamu ya wakubwa. Naingia ndani ya skrini kama mtu anayepita pazia la mlango wake. Huko ni barabara tu, barabara inazaa barabara, halafu mji wa vioo, na kila kioo kina kitanda kimoja na mwanamke mmoja aliyeelekea ukutani. Mtu asiye na uso ananipokea. Namuuliza, kaka, mke wangu Tunu yuko wapi? Anasema, yuko pale ulipomweka. Bwana we, acha mafumbo, wiki ya tatu hii kaondoka, umbea wa mtaa mzima ninao ila habari zake. Anacheka bila mdomo. Ulimweka wapi?

Napajua. Watu hawaji kwenye filamu hizi kutazama miili, miili wanayo nyumbani. Wanakuja kujua kama yule mwanamke atabaki. Lugha ya filamu siijui, nabuni. Wiki tatu zilizopita, siku moja maneno yakaniishia, nikamtilia mwigizaji maneno ya Tunu, aliyoniambia chumbani mimba ya pili ilipoharibika: nishike, hata kama umenichoka, nishike mpaka nilale. Kibanda kizima kikalia, nami nikavimba kichwa. Kesho yake bombani mashoga zake Tunu wakampokea, nishike, nishike mama wee, huku wakigonganisha viganja. Aliacha ndoo palepale, nyumbani hakurudi.

Sasa mwanamke wa kwenye vioo anageuka, ni Tunu, midomo inacheza, sauti hamna. Asiye na uso ananipa maiki. Haya, tafsiri. Nyuma yangu viti vinajaa, miluzi, we mtafsiri, anasemaje huyo? Maneno yananijia tele, kanisamehe, anarudi, na najua watashangilia hadi bati liruke. Nameza yote. Nasema, sijui anasemaje. Wananizomea. Tunu ananitazama, kisha vioo vyote vinazimika.

Nazinduka, au naingia kioo kingine, sijui. Kibanda kimejaa, mtu anafoka, we, umelala? Kaondoka au karudi? Mlangoni kasimama mwanamke, jua liko mgongoni mwake, uso siuoni. Midomo inacheza. Nazima maiki, nazima na filamu, nisikie anasemaje.