Maji Yaliyo Juu ya Anga

Mwalimu Ndelilio alipopata habari kwamba baraza la wazee linamwita Ijumaa, alifurahi. Usishangae. Kuna watu wakiitwa barazani hukosa usingizi, na kuna watu waliokaa miaka mingi wakisubiri kuitwa. Ndelilio alikuwa wa kundi la pili. Alifundisha fizikia sekondari mpaka akastaafu, na tangu astaafu alikuwa na darasa la kipaimara kila Jumamosi katika kanisa lao dogo la Kilutheri, huko juu kwenye migomba, mahali ambapo mtu akisimama mlangoni anaiona Moshi yote na mashamba ya Kahe nyuma yake.

"Wanataka kuniambia dunia ina miaka elfu sita," alimwambia mkewe, Elinipendo, huku akitafuta miwani. "Mzee Eliufoo anatangaza njia nzima kwamba nawafundisha watoto mbingu ni bwawa."

Elinipendo alikuwa akimenya ndizi. "Ulishakwenda kumwona Eliufoo?"

"Nimwone kwa lipi?"

Mkewe akachukua ndizi nyingine. Alikuwa ameishi na mwalimu muda wa kutosha kujua ni swali lipi linajibika na ni lipi linasubiri.

Kilichotokea Jumamosi iliyopita kilikuwa hivi. Darasa lilikuwa limefika siku ya pili ya uumbaji, pale Mungu anapoweka anga katikati ya maji, ili yawepo maji ya chini na maji ya juu. Binti mmoja, Loveness, akauliza maji hayo ya juu yako wapi, maana ndege zinapita huko na hakuna rubani aliyerudi amelowa. Watoto wakacheka. Ndelilio hakucheka, moyo wake uliruka kwa furaha. Akawaambia wafunge vitabu, akawapandisha mpaka kwenye nduwa, lile bwawa la udongo ambamo maji ya mfongo, mfereji wa kumwagilia, hukusanywa usiku kucha ili asubuhi mwenye zamu afungulie, yateremke shambani kwake.

Hapo alifundisha kuliko alivyowahi kufundisha maishani. Aliwaambia watu wa kale, Waisraeli na jirani zao wa Babeli pia, waliiona mbingu kama ukingo mgumu uliozuia maji mengi, kama ukingo wa nduwa hii, na mvua kwao ilikuwa mlango umefunguliwa. Mungu hakuwasahihisha hesabu zao za mbingu. Alisema nao kwa mbingu waliyoijua. Ila jirani wa Babeli walisema bahari ni mungu aliyepasuliwa vipande viwili, na jua ni mungu, na mwezi ni mungu. Mwandishi wa Mwanzo akasema hapana, maji ni maji, na hao mnaowasujudia ni taa tu, zimetundikwa siku ya nne. "Hiyo ndiyo habari yenyewe," alisema. "Si umri wa dunia."

Angeishia hapo, mambo yangekuwa mazuri. Lakini mwalimu wa fizikia bila jaribio ni kama mpishi asiyeonja. Ili waelewe gharika, madirisha ya mbinguni yalipofunguka, akashika mgomba uliozibia mlango wa nduwa, akautikisa kidogo.

"Mwalimu," Loveness akasema, "leo ni zamu ya meku Eliufoo. Anatoka Bomang'ombe saa hizi aje afungulie."

"Kidogo tu, nitaziba."

Haikuwa kidogo. Mgomba ukachomoka na udongo wake wote, maji yakamtoka mikononi, yakabomoa njia yao yenyewe na kushukia korongoni ambako hakuna hata mche wa hoho. Watoto wakapiga kelele za furaha. Ndelilio, suruali imelowa mpaka magotini, alihangaika kuziba kwa mawe na mikono, na aliposhindwa akasimama, naye akacheka. "Mmeona? Hiyo ndiyo gharika." Loveness peke yake hakucheka. Mwalimu akamwambia nduwa itajaa tena kesho.

Ni kweli nduwa ilijaa kesho yake. Ila kesho yake haikuwa zamu ya Eliufoo. Kila mtoto anayenyonya kando ya mfongo anajua kwamba zamu ikipita imepita, na ilikuwa Februari, jua la kuchoma. Ndelilio naye alijua. Alikusudia kwenda kwa Eliufoo jioni, akachoka. Akakusudia Jumapili, lakini Jumapili ndipo aliposikia maneno ya mbingu na bwawa, na tangu hapo hakuwa tena mtu aliyemwaga maji ya mwenzake. Alikuwa mtu anayesumbuliwa kwa ajili ya ukweli, na hicho ni cheo kitamu sana.

Tusimcheke mno. Alikuwa na sababu, na sababu hiyo ilikuwa na jina. Mwanawe Jacob, alipokuwa na umri wa Loveness, aliuliza darasani humo humo jioni na asubuhi zilipatikanaje kabla ya jua. Mwinjilisti wa wakati ule akamwita mpumbavu mbele ya wenzake, akamfukuza. Jacob sasa yuko Dodoma, ana kazi nzuri, ana mtoto ambaye hajabatizwa, na akija likizo Jumapili hubaki nyumbani akiosha gari. Jambo hilo lilimuuma Ndelilio na bado linamuuma. Alilichukua darasa la kipaimara ili mtoto mwingine asitoke kwa mlango ule ule. Wakimnyang'anya darasa hilo, hakuwa na kitu kingine cha kumlipia Jacob.

Kwa hiyo Ijumaa alikwenda amejiandaa. Wazee walikuwa wamekaa kwenye mabenchi ya ofisi ya kanisa, Eliufoo pembeni, bwana shamba mstaafu, mtu wa maneno machache na kofia asiyoivua ila kwa sala. Kikao kiliongozwa na Gladness, mwinjilisti wa sasa, mwanamke ambaye Ndelilio alikuwa amemfundisha kidato cha tatu.

"Shikamoo mwalimu. Unajua kwa nini tumekuita?"

"Marahaba. Najua."

Akaanza. Alianzia Babeli, akapita Misri, akafika kwenye mwanga ulio mkongwe kuliko jua lenyewe, ambao ulisafiri tangu mwanzo wa ulimwengu na bado unatufikia, hata chenga za televisheni za zamani zilikuwa na chembe yake. "Kwa hiyo nuru kabla ya jua," alisema, "hata wanasayansi leo hawaikatai. Lakini msikimbilie kushangilia. Mwandishi hakuwa akitupa fizikia. Alikuwa akiwaambia watu waliokuwa utumwani ni nani wasimsujudie." Alisema vizuri. Mzee mmoja alisahau kunywa chai yake mpaka ikapoa. Mwingine akauliza kama kuna watu kwenye nyota nyingine, wakacheka wote, na Ndelilio alijiona ameshinda.

Gladness akamshukuru. "Hayo hata sisi chuoni tulifundishwa, ingawa si kwa utamu huo. Hakuna mzee hapa aliyeleta shitaka juu ya sura ya kwanza."

"Sasa maneno ya Eliufoo je?"

"Niliyasema," Eliufoo akajibu. "Nilisema mwalimu anafundisha mbingu ni bwawa, halafu anakwenda kufungua bwawa la watu. Wewe ulichukua nusu iliyokupendeza."



"Nilikuwa nimepandikiza nyanya," Eliufoo akaendelea, polepole, kama anayesoma bei. "Maji yakimwagika hayazoleki, hilo nalijua, na mtu hukosea. Nikasema jioni atakuja. Hukuja. Jumapili baada ya ibada, kwenye mnada wa mavuno, ulisimama hapa na mimi hapa. Ukanunua mayai. Ukanisalimu."

 

"Mwalimu," Gladness akasema, na ilionekana wazi kwamba hakupenda kusema, "sura ya kwanza umetufafanulia. Sura ya pili inataja nchi kavu isiyonyeshewa mvua, na hapana mtu wa kuilima. Huko hukufika. Watoto hawa tunawaandaa kwa meza ya Bwana. Tunawaambia mwenye neno na ndugu yake akapatane naye kwanza. Darasa nitalishika mimi mpaka jambo hili litakapokwisha."

Hakuna aliyemfukuza. Walimpa hata mkono. Alirudi nyumbani masikio yakimwaka, na kwa mara ya kwanza wiki ile aliona haya.

Asubuhi alikwenda mpakani mwa kihamba chake, shamba la ukoo linalozunguka nyumba, akakata jani la isale. Wachagga wa leo wana simu, wana mabenki, wana watoto Marekani, lakini isale bado ni isale. Ukiletewa jani hilo na aliyekukosea, huna ruhusa ya kukataa, hata kama alikuchomea nyumba. Alilishika kwa mikono miwili njia nzima, na waliokutana naye walisalimu wakapita upande, maana aliyebeba isale haulizwi anakokwenda.

Eliufoo alikuwa shambani. Miche ya nyanya ilikuwa imelala mistari mistari, rangi ya majani ya chai, na Ndelilio aliiangalia yote kabla ya kufungua mdomo.

"Nimekukosea, ndugu yangu. Nilimwaga maji yako, kisha nikajificha nyuma ya Biblia. Nisamehe."

Eliufoo akavua kofia. Akapokea jani. "Imekwisha," akasema. Akalichomeka kwenye ua, na kwa kweli ilikwisha. Akamwambia atampigia Gladness, darasa lirudi kwake mchana huo huo.

Ndelilio akashusha pumzi. Moyo ulikuwa mwepesi, na moyo ukiwa mwepesi mtu huanza kusema tena. "Unajua kwa nini darasa lile siliachi," alisema. "Jacob alitolewa kanisani na umri wa dunia."

Eliufoo alikuwa ameshainama kwenye mstari. "Yule mwinjilisti aliyemwita mpumbavu," aliuliza bila kuinuka, "alikuja kwenu baadaye?"

"Hakuja."

"Hata na jani?"

"Hakuna aliyemwendea Jacob na chochote."

"Hapo sasa," Eliufoo akasema. "Mimi miaka yote hii nilidhani ni umri wa dunia."

 Ndelilio alikuwa amesoma juu ya nuru, juu ya Babeli, juu ya nyota, vitabu rafu nzima, ili amjibu mtoto ambaye swali lake lilishajibiwa kitambo hata na simu yake ya mkononi. Iliuma pale pale ilipokuwa ikiuma siku zote, ila sasa aliona ni nini: hakuna aliyewahi kumwomba Jacob radhi, hata yeye baba yake. Akainama kwenye mstari wa pili, akaanza kung'oa miche iliyokauka.