Mikono ya Buluu

"Hivi shoga, tangu lini Bwana Yesu akawa na mikono ya buluu hadi viwikoni?"

Jirani yangu Urraca aliniuliza hivyo mlangoni mwa kanisa, hapa mjini Segovia, tukitoka misa. Alikuwa anacheka. Mimi sikucheka. Kwaya ilikuwa imetoka kuimba wimbo mpya wa Padri Anselmo: Bwana arusi wa roho anaingia, mabega yake mapana, mikono yake buluu, ananuka sufu mbichi, analaza kichwa pajani pa bibi arusi.

Beti zile ni zangu. Na huyo anayenuka sufu ni Bermudo, marehemu mume wangu, aliyetia vitambaa rangi miaka ishirini mpaka ngozi ikakataa kutakata.

Padri ndiye aliyeniamuru niandike. Mapadri wetu huwafanyia hivyo wanawake wanaosali sana: andika yote yanayopita moyoni, niletee, nipime kama ni Mungu au ni shetani. Nikatii. Nikaungama kwenye daftari kwamba nikipiga magoti kumwita Mungu, anayekuja ni Bermudo, na mwili wangu bado unamtaka. Sikuwahi kumwambia hata dada yangu wa tumbo moja. Padri akafuta jina la mume wangu, akaweka la Yesu, na chini akatia lake mwenyewe.

Nilimfuata sakristia, chumba cha mavazi ya misa. Nilitaka daftari langu kabla hajamfuta Bermudo kwenye kurasa zote.

"Nilidhani buluu ni mbingu," alisema.

"Ni rangi ya vitambaa, Padri."

"Binti yangu, nyimbo za mapenzi tunazigeuza za Mungu kila siku. Zako nimezitakasa tu."

"Zilikuwa na uchafu gani? Alikuwa mume wangu wa ndoa! Wewe ndiye uliyetufungisha!"

"Punguza sauti. Ukidai ni zako, Baraza la Imani linalohukumu wazushi litauliza mjane anatiaje mabega ya mwanamume ndani ya sala."

"Waniulize. Nitawaambia nilikuandikia kama ungamo, wewe ukalipeleka kwenye kwaya."

Uso ukampauka: padri anayetoa siri ya ungamo huvuliwa upadri. Urraca, aliyekuwa ameingia na vitambaa vya altare alivyofua, akadakia: "Na mimi mniite, Padri. Mabega yale nayajua. Yalikwama mlangoni mwangu siku aliponisaidia kubeba pipa."

Padri akafungua kabati, akaliweka daftari mezani, lakini kiganja hakukiondoa juu yake.

"Alhamisi ni sikukuu ya Mwili wa Bwana, Mencía. Askofu anakuja. Kwaya itaimba nini? Niachie japo beti tano. Nitasema zimetungwa na mtumishi mnyonge asiyejulikana."

Mtumishi mnyonge! Nikalivuta daftari kutoka chini ya kiganja chake, nikalitia kifuani. Nikapiga goti mbele ya msalaba, yeye nikampa mgongo, nikatoka.