Swali la Mama Elvire Kisiwani

Suhaila alipoambiwa kwamba kazi ya Jumamosi ni kutafsiri matembezi ya kisiwani, alidhani mtu amekosea namba. Tangu aanze ukalimani hapa Sydney alikuwa amezoea kuitwa mahali ambapo watu hawaendi kwa furaha: hospitali, mahakamani, ofisi za nyumba. Wiki ile ile alikuwa ameshinda Villawood, kwenye kituo cha kuzuilia wahamiaji, akitafsiri maneno ya mtu aliyelia kila aliposikia mlango ukifungwa. Matembezi? Na chakula cha mchana juu?

"Ndiyo, dada," Wainaina alimhakikishia kwenye simu. Wainaina ni Mkenya aliyekuwa akisimamia kikundi cha akina mama wa Kikongo na Kirundi huko Ingleburn. "Ni poa tu. Tunapanda boti, tunaenda kisiwa kimoja pale bandarini. Kuna mama wa wenyeji wa asili anatutembeza, anaeleza mambo ya watu wake. Wewe unaweka kwa Kiswahili. Hakuna presha."

Basi Jumamosi asubuhi Suhaila akafunga mtandio wake wa samawati, akapanda treni Toongabbie, akateremka karibu na gati. Akina mama walikwisha kufika kwa basi dogo la Wainaina. Wamevaa vitenge vya kanisani, vilemba vimesimama, na kila mmoja ana mfuko wa chakula ingawa waliambiwa chakula kipo.

Mkubwa wao alikuwa Mama Elvire, mwanamke wa karibu miaka sabini, mfupi, mwenye macho yasiyopitwa na kitu. Suhaila akamwendea kwa adabu ya kwao.

"Shikamoo, mama."

Mama Elvire akacheka. "Kwetu hatuna iyo. Sema tu jambo. Unatoka wapi?"

"Tanga, mama."

"Ndiyo maana. Kiswahili yako ni ya kitabu." Kisha akamshika mkono kama vile wamejuana zamani, akapanda naye boti.

Kisiwani walipokewa na Anti Merle. Ndivyo alivyotaka aitwe, kwa kuwa huku watu wa asili huwaita wazee wao wa kike hivyo. Alikuwa mwanamke mnene mwenye mvi, amevaa fulana nyeusi na kofia ya jua. Mbele yake majani mabichi ya mkalitusi yalikuwa yakifuka moshi kwenye beseni la chuma. Aliimba wimbo mfupi kwa sauti nzito, kisha akawapitisha wageni mmoja mmoja kwenye moshi na kuwapaka udongo mweupe mgongoni mwa mkono. Simu zikainuliwa, picha zikapigwa. Mama Elvire naye aliinua yake, halafu akaishusha pole pole na kuitumbukiza mkobani.

Akaanza kuangalia huku na huku. Palikuwa na majani yaliyofyekwa vizuri, majumba ya mawe ya wakati wa wakoloni, mabenchi na vyoo.

"Kijiji iko wapi?" aliuliza. "Mtoto wangu alisema nitaona wenyeji. Wenyewe beko wapi?"

Suhaila akatafsiri. Anti Merle akajigusa kifuani.

"Mwambie anaongea naye."

Akina mama wakaangua kicheko, na Anti Merle pia. Suhaila akaona siku itakwenda vizuri.

Walitembea kwa mwendo wa wazee kando ya maji. Anti Merle aliwaonyesha mahali ambapo makombe ya chaza yamejazana ardhini, tabaka juu ya tabaka, mabaki ya milo ya watu wa kale. Akawaeleza kwamba uvuvi wa mshipi katika bandari hii ulikuwa kazi ya wanawake. Walitoka na mitumbwi ya magome ya miti, myepesi, na ndoana waliichonga kwa kombe. Mtoto mchanga alikaa mapajani, na katikati ya mtumbwi uliwaka moto mdogo wa kuchomea samaki papo hapo.

Suhaila alipofika kwenye habari ya moto, Mama Elvire alisimama.

"Moto? Ndani ya mtumbwi wa magome?"

"Ndivyo anavyosema, mama."

"Muulize. Muulize vizuri. Haya mambo anatuambia, ni ya ukweli ao ni ya wageni?"

Suhaila alimwelewa barabara, na kwa sababu alimwelewa, ulimi ulimwia mzito. Kwao Tanga mtu hamwulizi mwenyeji wake mbele ya watu kama anasema uongo. Akageukia Anti Merle na kusema kwa Kiingereza kizuri kwamba mama angependa kujua habari hizi zimehifadhiwaje kutoka kizazi hadi kizazi.

Anti Merle akaanza kueleza habari za wazee na masimulizi. Mama Elvire akainua mkono.

"Hapana. Mimi sikusema hivyo."

Miaka aliyofanya usafi katika nyumba ya wazee ilikuwa imempa Kiingereza cha kusikia, hata kama cha kusema kilimkwama. Alimtazama Suhaila, hakukasirika, lakini hakuondoa macho.

"Mwambie vile nilisema mimi."

Wainaina akasogea haraka. "Mama, tafadhali, tusiaibishane. Hawa watu wametualika."

"Na mimi ni mwalikwa. Nimeuliza tu."

Suhaila alihisi uso unamwaka. Kazi yake ina sharti moja ambalo kila mkalimani huapa: lililosemwa lipite kama lilivyosemwa, bila kupunguzwa, bila kupambwa. Villawood asingethubutu kulivunja. Hapa, kwa sababu ya jua na bahari na majani ya kijani, alijifanya ni mgeni tu miongoni mwa wageni.

"Samahani, Anti," akasema kwa Kiingereza. "Sikulitafsiri swali sawasawa. Mama ameuliza hivi: haya unayotuambia, ni ya kweli au ni ya wageni?"

Feri ilipita mbali, mawimbi yake yakafika pwani na kulamba mawe. Anti Merle alivua kofia, akajipepea, akamkazia macho Mama Elvire.

"Ni swali zuri," alisema. "Ya moto ni kweli. Waliweka udongo chini, moto juu ya udongo. Hata wazungu wa meli za kwanza waliandika, walishangaa kama yeye anavyoshangaa. Kuna mambo mengine siwaambii wageni kabisa, kwa kuwa si ya wageni. Hayo nayanyamazia. Lakini uongo siwaambii." Akatua kidogo. "Labda wimbo ule wa asubuhi. Watu huniuliza kama ni wa zamani, nami huinamisha kichwa tu, waelewe watakavyo. Niliutunga mimi na dada yangu, jikoni kwake. Wale wanawake walikuwa wakiimba mitumbwini, hilo tunalijua. Walichokuwa wakiimba hakuna aliyetuachia. Bibi yangu alikatazwa lugha yake tangu mtoto, akakua akiogopa kutuambia hata neno moja."

Suhaila alitafsiri yote. Safari hii hakulainisha kitu. Alipofika kwa yule bibi, sauti yake ilishuka yenyewe.

Mama Elvire alikaa kwenye jiwe. Akapanga kitenge chake vizuri magotini.

"Sasa mimi pia nitamwambia," alisema. "Mimi nilizaliwa kisiwani. Idjwi, katika ziwa Kivu. Nilipokuwa msichana, bazungu walikuja na boti siku ya Mungu kutuangalia. Chifu alisema wasichana tucheze, tukapewa sabuni. Kulikuwa bwana mmoja wa Bukavu, wa kutembeza wageni, na kravati shingoni. Sisi tunaimba, yeye anawaambia kwa Kifaransa: hii ni ngoma ya kuomba mvua."

"Na ilikuwa ya kuomba mvua?" Anti Merle aliuliza.

"Hata! Tuliimba juu ya mama mkwe mwenye kunyima chumvi. Anaificha chini ya kitanda, panya ndio wanaila. Na mvua ilikuwa inanyesha tayari! Tumelowa, bazungu wamelowa, wanapiga makofi."

Akina mama waliokuwa wakimsikiliza walicheka hadi mmoja akashika mti. Suhaila mwenyewe alilazimika kusubiri pumzi imrudie ndipo aiweke kwa Kiingereza, na Anti Merle akacheka kwa mabega, machozi yakimtoka.

Mama Elvire hakucheka sana. Aliendelea taratibu.

"Mmoja wao alikuja na aparei ya picha. Akanishika hapa, kidevu, akageuza uso wangu kwenye mwangaza, kama mtu anageuza chungu sokoni. Hakuniuliza jina. Leo nimeshuka kwenye boti, nikaona huyu mama amesimama kwenye moshi. Nikaona mkono wangu umeinua simu. Nikasema, Elvire, leo mzungu ni wewe."

Mkalimani husema "mimi" kwa niaba ya anayezungumza, ndiyo kanuni. Kwa hiyo Suhaila alisema kwa Kiingereza, "Alinishika kidevu, akageuza uso wangu," na alipokuwa akilisema akajikuta ameshika kidevu chake mwenyewe. Akauondoa mkono upesi, akamalizia.

Anti Merle alizunguka, akakaa jiweni karibu na Mama Elvire, viwiko vyao vikigusana.

"Mimi ni Merle," akasema, ingawa alikwisha kujitambulisha.

"Elvire."

"Elvire. Hiyo ya chumvi unaikumbuka?"

Aliikumbuka. Aliiimba kwa Kihavu, lugha ya kisiwani kwao, ambayo hata wenzake hawakuijua. Kwanza sauti ilikwaruza, halafu ikapata njia. Aliieleza kwa Kiswahili, Suhaila akaipeleka kwa Kiingereza, na kila walipofika kwa panya, Anti Merle aliomba warudie. Mwisho wake kundi zima lilikuwa likiitikia kiitikio kwa makofi, na Wainaina, ambaye alikuwa amekaa mbali kidogo na mikono kichwani, akashusha mikono na kuanza kupiga makofi naye.

Chakula kililiwa kivulini. Sehemu ya pili ya matembezi ilikuwa fupi kuliko ilivyopangwa, kwa sababu Anti Merle na Mama Elvire walitembea nyuma ya wote, wakisimama kila hatua. Suhaila alikuwa kati yao, akigeuka kushoto na kulia mpaka shingo ikamuuma.

Kwenye boti ya kurudi alikaa na Mama Elvire upande wa upepo.

"Nisamehe, mama. Niliona nikutafutie maneno ya heshima."

"Ulifikiri sijui kusema na mtu," Mama Elvire alisema, bila ukali. "Kusema najua. Kile sijui ni Kingereza tu. Wewe nipe Kingereza, maneno nitaleta mwenyewe."

"Nimekuelewa."

"Na unakulaka samaki?"

"Nakula, mama."

"Basi utakuja Ingleburn. Nyama najua muna masharti yenu, lakini samaki ni samaki."

Suhaila alidhani ni maneno ya kuagana tu. Lakini haukupita mwezi akapigiwa simu na Mama Elvire mwenyewe, siyo Wainaina, na siyo kwa kazi. Alipofika Ingleburn alikuta gari dogo jekundu limeegeshwa nje, na sebuleni, kwenye kochi lenye vitambaa vya kufuma, wameketi Anti Merle na dada yake, viatu wamevua. Mezani palikuwa na samaki wa kukaanga, sombe ya majani ya muhogo na ugali mkubwa wa muhogo.

Walinawa, wakala kwa mikono. Kwa muda Suhaila alifanya kazi yake bila kuombwa, huku akimega, huku akitafsiri, mpaka Mama Elvire akamsukumia sahani.

"Wewe kula kwanza. Umekonda."

Akala. Alikuwa na tonge mdomoni Mama Elvire alipomweleza Anti Merle jambo fulani kwa mikono na maneno matatu ya Kiingereza, na Anti Merle akajibu kwa kunyoosha kidole kwenye mlango wa nyuma. Suhaila aliharakisha kutafuna ili awasaidie. Kabla hajameza, wale wawili walikwisha kuinuka na kutoka uani kuangalia miche ya muhogo, mmoja akiuliza kwa lugha yake, mwingine akijibu kwa ya kwake.

Dada yake Anti Merle alimsogezea bakuli la sombe. Suhaila akaongeza.