Udongo Laini Nyuma ya Mikorosho

Saa mbili asubuhi, Oktoba 2023, mtaimbo wa Anuari ulizama ardhini hadi karibu na viganja vyake. Kwingine kote nyuma ya mikorosho ulikuwa umegonga na kurudi.

"Maji haya hapa!" akapaza sauti. Ndivyo wanavyotafuta kisima kijijini Naipingo wakati wa kiangazi: ardhi inapopokea chuma, hapo wanachimba.

Dada yake Swaumu alikuwa jirani tu, amepiga magoti ndani ya shimo la utafiti. Alisomea mambo ya kale, na alirudi kwao na swali moja: kwa nini mji mkubwa wa wafua chuma, ulioenea kutoka kilimani hadi bondeni, ulihamwa karne nyingi zilizopita. Hakukuta dalili ya vita wala moto. Alikuta visima viwili vilivyofukiwa, cha pili kirefu kuliko cha kwanza, vyote vimejaa udongo wa kijivu wenye vigae vya vyungu.

Akalitazama donge lililoganda kwenye ncha ya mtaimbo. Lilikuwa la kijivu, na ndani yake kulikuwa na kigae.

"Anuari, usichimbe hapa. Hiki ni kisima chao cha tatu. Ni laini kwa sababu kilifukiwa. Kuta hazitashika, zitakuangukia."

"Kama walichimba, dada, basi maji yalikuwepo."

"Yalikuwepo, yakashuka. Nadhani ndiyo maana waliondoka."

"Uliwauliza?" Stefano, aliyekuja kuvuta ndoo kwa kamba, akaangua kicheko. "Dada Swaumu bwana! Wewe endelea na vyungu vilivyovunjika, sisi tuna vizima havina cha kutia."

Anuari hakucheka. "Wifi yako Asmaa ana mimba kubwa, na kila alfajiri anateka matope bondeni. Nionyeshe pengine, nitachimba huko."

Swaumu hakuwa na pengine pa kumwonyesha.

"Basi subiri mbao za kuzuia kuta."

"Nafika kifuani tu. Nisipoona unyevu, natoka."

Kina kilipofika kifuani, unyevu ulikuwepo. Akaendelea. Adhuhuri kichwa chake hakikuonekana tena, na Swaumu aliyekuwa ukingoni alimwita atoke.

"Udongo umelowa, dada! Bado kidogo!"

Ukuta wa upande wa kilima ukateleza wote kwa pamoja. Haukutoa kishindo. Kamba ilikaza mikononi mwa Stefano, kisha ikalegea.

Walimfikia jua likizama. Alikuwa amekufa. Chini ya miguu yake udongo ulikuwa na unyevunyevu, lakini maji hayakuwepo. Katika ndoo ya mwisho kulikuwa na mfupa wa mguu wa mtu, wa zamani sana, umegeuka rangi ya udongo. Swaumu aliona kuwa huenda kuna mwingine aliyewahi kuangukiwa humo. Lakini mfupa mmoja hauwezi kueleza mji mzima. Aliurudisha chini kabla shimo halijafukiwa.

Anuari alizikwa kesho yake. Baada ya arobaini, Asmaa alipakia vyombo vyake kwenye trekta akarudi kwa wazazi wake Ruangwa. Familia mbili za jirani zilihama kabla ya mvua kunyesha.